Modi za Skyrim: Faili la Mwisho Ndilo Hutawala

Mchezo wa kompyuta uitwao Skyrim, uliotolewa mwaka 2011 na kampuni ya Bethesda ya Marekani, hubadilishwa na wachezaji wenyewe kwa kuongezewa mafaili yaitwayo modi. Kila kitu mchezoni, uwe upanga au mlango, kina rekodi yake. Mafaili husomwa kwa zamu. Yakigusa rekodi moja, lililosomwa mwisho ndilo hutawala. Tuseme modi ya kwanza imepunguza uzito wa upanga, na ya pili imeongeza ukali wake. Je, upanga utakuwa mwepesi na mkali? La. Modi ya pili huleta rekodi nzima, pamoja na uzito wa awali, nayo ya kwanza hufunikwa kimya kimya.

Utambulisho wa rekodi huanza kwa biti 8 zinazotaja faili lake, yaani namba 256. Moja imetengewa mchezo uliohifadhiwa. Hivyo mafaili ya kawaida hayazidi 255.

Hatari kubwa ni kuondoa modi katikati ya mchezo. Maagizo yake husalia ndani ya mchezo uliohifadhiwa, na kazi ya majuma mengi huweza kuharibika. Mchezaji mwangalifu hutunza kwanza nakala ya zamani.