Pilipili Katika Chupa ya Waragi: Ulimi Hupima Nini?

Katika sherehe za kambini, iwe ni harusi, kupandishwa cheo, au kumpokea askari aliyerejea kutoka kazi ya mbali, mwenye nyumba hupenda kuwaandalia wageni wake kitu kisichopatikana katika kila duka. Watu wengi, hasa vijana, wamependa vinywaji vya kuchanganya viitwavyo kokteli, ambamo pombe kali huungwa kwa maji ya matunda, ndimu, sukari na viungo. Kiungo kimoja kizuri na cha bei ndogo tunacho katika bustani zetu, nacho ni pilipili.

Kuloweka pilipili katika waragi ni kazi nyepesi. Hata hivyo, iko hekima moja ambayo hapana budi kila nyumba iielewe kabla ya kufungua chupa. Ulimi ni hakimu mwema wa pilipili, lakini hauwezi kumwambia mtu kiasi cha kileo kilichomo katika kinywaji, wala hauwezi kugundua sumu. Anayelifahamu jambo hili atawafurahisha wageni wake. Asiyelifahamu aweza kuwazika.

ASILI YA WARAGI

Neno waragi limetokana na neno la Kiarabu araki. Hapa Uganda historia ya kinywaji hiki imefungamana na historia ya askari. Mwaka 1891 Kapteni Lugard aliwachukua askari wa Kisudani waliokuwa wamebaki karibu na Ziwa Albert baada ya Emin Pasha kuondoka, akawaleta katika utumishi wa Waingereza. Askari hao na jamaa zao ndio asili ya jamii ya Wanubi, na ujuzi wa kupika pombe ya mvuke umehusishwa nao kwa muda mrefu. Hata Kibera, mjini Nairobi, walikokaa Wanubi waliotumikia jeshi la King's African Rifles, pombe yao ilijulikana mno.

Vijijini pombe hiyo hupikwa kutokana na ndizi, miwa, mihogo au nafaka, na huitwa enguli. Mwaka 1965 ilitungwa Sheria ya Enguli, ambayo ilikataza kuipika bila leseni na ikawataka wapikaji waiuze kwa kiwanda chenye ruhusa, ambako ilisafishwa tena na kutiwa chupani. Ndivyo ilivyozaliwa Uganda Waragi. Kwa hiyo, makala haya hayamfundishi mtu kupika pombe nyumbani. Yanamfundisha kuunga kwa pilipili waragi iliyokwisha kutengenezwa kiwandani na kununuliwa kwa halali.

KWA NINI PILIPILI HUKUBALI KILEO

Pilipili si mmea wa asili ya Afrika. Ilitoka Amerika, na baada ya safari za Columbus zilizoanza mwaka 1492, Wareno waliisambaza hadi pwani zetu na Bara Hindi. Ukali wake hutokana na kitu kiitwacho kapsaisini, ambacho hukaa zaidi katika utando mweupe unaoshika mbegu. Mbegu zenyewe huwasha kwa sababu zimegusana na utando huo.

Kapsaisini haiyeyuki vema katika maji, lakini huyeyuka upesi katika mafuta na katika kileo. Ndiyo sababu mtu aliyeungua mdomo kwa pilipili hapati nafuu kwa kunywa maji. Maziwa humsaidia zaidi. Ndiyo sababu pia pilipili moja tu yatosha kuibadilisha chupa nzima ya waragi kwa muda wa saa chache.

Mwaka 1912 mtaalamu wa dawa wa Marekani, Wilbur Scoville, alitumia tabia hiyo kupima pilipili. Aliiloweka katika kileo, kisha akaizimua kwa maji ya sukari mara nyingi, mpaka waonjaji wake wasisikie tena ukali wowote. Idadi ya kuzimua ndiyo ikawa kipimo. Kwa kipimo hicho, pilipili kichaa, zile ndogo nyembamba, huanzia kama 50,000. Pilipili mbuzi huweza kuzidi 100,000, na nyingine hufika 350,000. Hapa twaona kwamba ulimi umekuwa mizani ya kweli ya pilipili hata katika maabara.

VITU VINAVYOTAKIWA

Waragi ya kiwandani, chupa moja ya mililita 750, yenye kileo asilimia 40.
Pilipili kichaa 2, au nusu ya pilipili mbuzi.
Chupa ya kioo yenye mdomo mpana na kifuniko.
Kitambaa safi cheupe cha kuchujia.
Karatasi ya kubandika chupani na kalamu.

JINSI YA KUFANYA

1. Chemsha maji, osha chupa ya kioo, kisha iache ikauke kabisa.

2. Osha pilipili na uzifute zikauke. Chagua zilizo nzima, zisizo na doa wala ukungu. Zipasue kwa urefu. Ukitaka harufu yake zaidi kuliko ukali, ondoa utando mweupe pamoja na mbegu.

3. Tia pilipili katika chupa ya kioo, mimina waragi juu yake, funika, na uweke mahali penye kivuli.

4. Baada ya saa 2, chota kijiko kimoja cha chai, kizimue kwa vijiko vitatu vya maji, uonje. Onja hivyo kila baada ya saa moja au mbili. Kwa watu wengi ukali hutosha kati ya saa 4 na saa 12. Usiziache pilipili humo kwa siku nyingi, maana ukali utazidi na uchungu wa majani utaingia.

5. Ukali ukitosha, chuja kwa kitambaa na utupe pilipili. Ikiwa umezidi, usimwage. Ongeza waragi isiyo na pilipili kidogo kidogo hadi ikubalike.

6. Rudisha katika chupa yake na ubandike karatasi iliyoandikwa: WARAGI YA PILIPILI, pamoja na tarehe. Ifungie kabatini, mbali na watoto. Kamwe usiitie katika chupa ya soda au ya maji, kwa kuwa mtoto mwenye kiu hasomi, hunywa.

Ukimaliza, sugua mikono kwa mafuta ya kupikia, kisha uoshe kwa sabuni. Usiguse macho, wala usimbebe mtoto mchanga kabla ya kunawa.

KOKTELI MBILI

Kwanza tengeneza shira: chemsha kikombe kimoja cha sukari katika kikombe kimoja cha maji hadi sukari iyeyuke, kisha uache ipoe. Kama huna jokofu, tengeneza ya siku hiyo tu.

Kokteli ya pasheni. Katika bilauri tia waragi ya pilipili mililita 40, yaani vijiko 8 vya chai. Maji ya pasheni yaliyochujwa mililita 100. Maji ya ndimu vijiko 3 vya chai. Na shira vijiko 3. Koroga, kisha ongeza barafu iliyotengenezwa kwa maji yaliyochemshwa.

Kokteli ya nyanya. Saga nyanya mbivu 3, chuja, tia chumvi kidogo, maji ya nusu ndimu na pilipili manga iliyotwangwa. Ongeza waragi ya pilipili mililita 40 na barafu. Hii ni jamaa ya kile kinywaji ambacho Wazungu hukiita Bloody Mary, isipokuwa wao hutumia vodka na huongeza mchuzi wa pilipili kando.

Pima kila bilauri. Usichanganye katika ndoo na kumwachia kila mgeni achote. Sukari na matunda huficha kileo, na pilipili huufanya ulimi ushughulike na jambo jingine. Mgeni atasema, "Hii ni kali," akimaanisha pilipili, wakati kileo kimo kidogo. Au atasema, "Hii ni tamu," akanywa bilauri tano bila kujua. Kila mililita 40 za waragi zina mililita 16 za kileo kitupu, pilipili iwepo au isiwepo. Aidha, pilipili haimwondolei mtu ulevi. Jasho likimtoka, kileo kingali katika damu yake. Kwa hiyo anayekwenda lindoni, anayeshika bunduki au anayeendesha gari, asinywe. Mama mja mzito naye asinywe kabisa.

HATARI ISIYOONJEKA

Sasa tufike kwenye jambo lenyewe. Mwezi Aprili 2010, katika wilaya ya Kabale, watu wapatao 80 walikufa kwa kunywa waragi iliyotiwa methanoli. Nchini Kenya, mwezi Novemba 2000, watu zaidi ya 100 walikufa mjini Nairobi kwa pombe ya aina hiyo, na wengine wakapofuka. Miongoni mwa waliokufa walikuwamo wanywaji wazoefu, waliodhani kwamba ndimi zao zawajulisha pombe njema na mbaya.

Methanoli ni spiriti ya viwandani. Haina rangi, na harufu na ladha yake hukaribiana sana na za kileo cha kawaida. Wafanyabiashara wasio na huruma huichanganya katika pombe ili kuiongezea nguvu kwa gharama ndogo. Mililita 10 za methanoli, yaani vijiko viwili vya chai, huweza kumpofusha mtu, na mililita 30 huweza kumwua. Wako wanaowasha kiberiti na kutazama rangi ya moto. Kipimo hicho si cha kutegemewa. Wako pia wanaodhani kwamba pilipili au ndimu husafisha pombe. Hazisafishi kitu. Pilipili hufanya neno moja baya zaidi: huufunika ulimi ule ambao hata bila pilipili ulikuwa hauioni sumu.

Basi, nunua chupa yenye kifuniko ambacho hakijafunguliwa, yenye jina la kiwanda na stempu ya kodi. Usinunue ya kupimiwa kutoka jerikeni. Mwaka 2019 Uganda ilipiga marufuku pombe kali katika vifuko vya plastiki. Ukimwona mtu akiviuza, mwepuke. Bei ikiwa ndogo kupita kiasi, jiulize ni nini kilichomo.

Dalili za methanoli mara nyingi hukawia, hata saa 12 hadi 24. Mtu huweza kulala akiwa mzima, akaamka na kichwa kinachouma, tumbo linalosokota, matapiko, na macho yanayoona ukungu. Usimwache alale eti ni uchovu wa ulevi. Mpeleke hospitali mara moja, na uchukue chupa aliyokunywa ili daktari aione. Wote waliokunywa katika chupa hiyo nao wapelekwe, hata kama wanajiona wazima. Dawa ipo, lakini huokoa macho na uhai ikiwahi.

KWA WASIOKUNYWA

Wasomaji wetu wengi hawatumii kileo kwa ajili ya dini au afya, nao wasikose ladha hii. Chemsha nanasi lililokatwa, tangawizi iliyopondwa na kipande kimoja chembamba cha pilipili kwa dakika 5. Chuja, tia sukari na ndimu, kisha kipoze. Mpe mgeni katika bilauri nzuri ile ile, pamoja na barafu, wala asionekane amepewa cha chini.

Vilevile, siki huipokea pilipili vizuri. Jaza pilipili kichaa 10 zilizopasuliwa katika chupa safi, mimina mililita 250 za siki iliyochemka, na uache kwa wiki moja. Matone machache juu ya maharage au supu yatatosha.

Mama au baba mwenye kuandaa sherehe na aweke mezani vitu vitatu: chupa yenye jina lake, kijiko cha kupimia, na saa. Ulimi na uachiwe kazi yake moja, ya kuamua kama pilipili imetosha.