Wasimulizi wa filamu Eastlands wasibezwe, wala wasiachwe bila kuhojiwa

Aliyewahi kuishi katika mitaa ya Eastlands jijini Nairobi, iwe ni Majengo, Huruma, Dandora au Kayole, hahitaji kuelezwa sauti hii. Hutoka katika kibanda cha mabati ambacho ndani yake mna giza, mabenchi ya mbao na televisheni moja iliyowekwa juu ili kila mtu aione. Kwenye televisheni Mchina anapigana au Mhindi anamlilia mamaye, lakini anayesikika ni Mkenya anayezungumza Kiswahili. Huyo ndiye msimulizi wa filamu, ambaye mitaani huitwa DJ. Kazi yake ndiyo ningependa tuitafakari leo, hasa sisi walimu na wanafunzi.

Wako wanaodhani kwamba mtu huyu ni mkalimani tu. La hasha! Mkalimani huyafuata maneno ya msemaji, ilhali msimulizi hukifuata kisa. Aghalabu huitazama filamu kwanza, kisha akashika kipaza sauti. Hushusha sauti ya filamu anapotaka kusema, na kuipandisha ngumi zinaporushwa. Wahusika walionyamaza huwapa maneno. Mazungumzo marefu yasiyo na mvuto huyamaliza kwa sentensi moja. Steringi humpa jina la mtaani, na anayekimbizwa katika vichochoro vya Hong Kong huambiwa apitie Gikomba. Hudokeza yatakayotokea kabla hayajatokea, na huturudisha tulikotoka iwapo anaona tumepotea. Kwa ufupi, mikononi mwake mna nyuzi mbili, uzi wa wakati na uzi wa kisa, naye huzikata na kuziunga apendavyo.

Kazi hii si ya Nairobi pekee. Hapa Kenya jina lililovuma zaidi ni la DJ Afro, ambaye sauti yake imesikika vibandani, katika matatu na sasa katika simu za mkononi. Dar es Salaam ilimjua Lufufu, aliyewasimulia Waswahili hata filamu ya Titanic. Kampala inao akina VJ Jingo. Mtafiti Mjerumani, Matthias Krings, alipoandika kuhusu wasimulizi wa Tanzania, alifananisha ufundi wao na kugeuza wali kuwa pilau. Mchele ni ule ule, lakini viungo ni vya mpishi.

Aidha, kazi hii ina ukoo mrefu. Kule Japani, enzi za filamu zisizokuwa na sauti, walikuwako wasimulizi walioitwa benshi, ambao watu walilipa kwenda kuwasikiliza wao kama walivyolipa kuitazama filamu yenyewe. Serikali ya Uingereza nayo, ilipoanzisha kitengo cha filamu kwa ajili ya makoloni mwaka 1939, ilitegemea wenyeji waliosimama kando ya gari la sinema na kuwaeleza watazamaji, kwa lugha yao, kilichokuwa kikionyeshwa. Na kabla ya hao wote alikuwako mtambaji wetu wa ngano, ambaye hakuna aliyemdai arudie kisa neno kwa neno kama alivyokisikia kwa nyanya yake.

Walimu wenzangu hulalamika kwamba madijei hawa wanaharibu Kiswahili kwa kukichanganya na Sheng. Malalamiko hayo yana ukweli, nami niliyaunga mkono kwa muda mrefu. Lakini siku moja, nikifundisha katika shule moja ya upande huo wa jiji, nilijikuta nimekwama. Nilikuwa nimeieleza mbinu rejeshi mara tatu, na mara zote darasa lilinitazama kama lililoambiwa habari za mwezini. Ndipo mvulana mmoja aliyeketi nyuma akainua mkono. "Mwalimu," akasema, "si ni pale DJ anaposema, 'Ngoja kwanza, turudi nyuma, huyu jamaa akiwa mtoto'?" Darasa zima likaangua kicheko, na darasa zima likaelewa. Taharuki nayo waliielewa kwa njia hiyo hiyo. Nilirudi nyumbani jioni hiyo nikijiuliza ni nani hasa aliyekuwa akifundisha fasihi mtaani humo.

Hata hivyo, msomaji mpendwa, usidhani kwamba nimekuja kumwimbia DJ sifa tupu. Baada ya majuma machache, mvulana yule yule aliandika insha kuhusu filamu moja ya Kihindi. Alieleza jinsi mama mzazi alivyomuuza mwanawe kwa tamaa ya fedha, na akamalizia kwa kuwalaani wanawake wote wanaopenda mali. Filamu hiyo nilikuwa nimeitazama, ikiwa na tafsiri iliyoandikwa chini ya picha. Mama yule hakumuuza mtoto. Aliibiwa. Aliyemuuza ni msimulizi, pengine kwa kutafuta kicheko au kwa kutoelewa lugha. Nilipomweleza mvulana huyo, alinijibu kwa heshima, "Lakini mwalimu, nilisikia kwa masikio yangu."

Hapo ndipo penye uzito wa jambo hili. Mkono unaokata uzi na kuuunga hauonekani. Mtoto huona picha ya mama na kusikia sauti, naye huamini kwamba vyote viwili ni kitu kimoja. Ikiwa msimulizi atatia kejeli dhidi ya kabila fulani au kumfanya mke anayepigwa kuwa kichekesho, kejeli hiyo itaingia ndani ya picha na kuonekana kama sehemu yake. Bodi ya Uainishaji wa Filamu nchini huweka alama za umri, lakini alama iliyotolewa kwa filamu haiwezi kutueleza lolote kuhusu maneno aliyoyaongeza DJ baadaye. Sheria ya Hakimiliki ya mwaka 2001 nayo humpa mwenye kazi haki ya kuidhinisha tafsiri yake, jambo ambalo vibandani halikutiliwa maanani.

Na mtu asiseme kwamba haya ni mambo ya mzaha tu, kwa kuwa ya asili yangali yapo. Tazama yaliyotokea Kampala. Mwaka 2010, katika mtaa wa Wakaliga, Nabwana I.G.G. alitengeneza filamu ya Who Killed Captain Alex? kwa fedha kidogo mno. Baadaye nakala asilia ilipotea, na ile inayotazamwa kote duniani ni ile iliyotiwa sauti ya msimulizi VJ Emmie. Filamu na msimulizi wake haviwezi kutenganishwa tena. Katika kisa hicho tuna bahati, kwa sababu sauti yenyewe ni burudani na mtengenezaji anaifurahia. Lakini funzo lipo. Nakala iliyosimuliwa inaweza kuishi kuliko asili, na siku hiyo ikifika hatutakuwa na mahali pa kuuliza.

Tufanyeje basi? Kupiga marufuku hakutasaidia, maana filamu zimehama kutoka kibandani zikaingia mfukoni. Pendekezo langu ni kwamba msimulizi aingizwe darasani. Tunapofundisha fasihi simulizi tunazungumzia fanani na hadhira kana kwamba ni watu wa zamani, ilhali fanani yupo mtaani na hadhira ndiyo hiyo iliyo mbele yetu. Mwalimu aonyeshe kipande kifupi cha filamu inayofaa umri wa wanafunzi, mara ya kwanza bila msimulizi na mara ya pili akiwemo. Kisha awaulize: Ameongeza nini? Ameacha nini? Amemwonea nani? Mwanafunzi atakayeweza kujibu maswali hayo matatu ataweza pia kusoma gazeti, kusikiliza hotuba ya mwanasiasa jukwaani, na kutambua mahali uzi ulipokatwa.

Nanyi wasimulizi, mnaokuza Kiswahili katika mitaa ambayo kila mlango una lugha yake, jueni kwamba mna darasa kubwa kuliko letu. Tieni viungo, maana wali mkavu haushuki kooni. Lakini mnapomtungia mtu kosa ambalo hakulifanya, kumbukeni kwamba gizani, kwenye benchi la mbele, ameketi mtoto anayeamini kila neno.