Marupurupu Yasiyoandikwa

Neno marupurupu, ambalo kila mfanyakazi wa Afrika Mashariki analijua hata kama hajapata kuyaonja, hukusanya chini yake kila apewacho mtu na mwajiri wake pasipo kuitwa mshahara. Kwa karani na tarishi ni nauli na posho ya chakula cha mchana, vitu vinavyoishia njiani au tumboni siku ile ile. Ama kwa wakubwa wa makampuni ni nyumba, gari na dereva, ni karo za watoto na uanachama wa klabu. Na kwa muda mrefu nimejiuliza kwa nini mtu ambaye mshahara wake pekee unatosha kununua vyote hivyo apendelee kupewa kuliko kununua. Jawabu nililolipata ni kwamba fedha huhesabika upesi, na marupurupu hayahesabiki. Na kisichohesabika, mwenye mali hana njia ya kukiuliza.

Kisa kinachoonyesha hayo bayana ni cha Jack Welch, aliyeiongoza kampuni ya General Electric ya Marekani tangu 1981 hata 2001, na ambaye alisifiwa ulimwenguni kwa kubana matumizi, kwani katika miaka yake ya mwanzo wafanyakazi zaidi ya laki moja waliondoshwa kazini. Mwaka 1996 alipatana na bodi ya wakurugenzi kwamba abaki hadi mwisho wa 2000, naye akiisha kustaafu aendelee maisha yake yote kutumia huduma za kampuni kama alivyozitumia alipokuwa kazini. Wenye hisa walitangaziwa mapatano hayo, lakini kwa maneno ya jumla, yasiyotaja kitu kwa jina lake wala kwa bei yake. Pazia liliondoka Septemba 2002, na aliyeliondoa si mkaguzi wa hesabu wala mwenye hisa, bali ni kesi ya talaka. Mkewe alipoweka mahakamani hati ya kiapo kueleza maisha waliyoyazoea, watu wakasoma kwamba mstaafu huyu alikuwa na nyumba ya fahari karibu na Central Park mjini New York, iliyolipiwa na kampuni pamoja na chakula, mvinyo, maua, dobi na magazeti. Kwamba aliruhusiwa kutumia ndege ya kampuni aina ya Boeing 737. Na kwamba alipatiwa viti katika michezo ya mpira wa kikapu, tenisi ya Wimbledon na opera. Katika orodha hiyo ndege ndiyo ghali kupita vyote, lakini mimi nilisimama zaidi kwenye magazeti na dobi. Mtu mwenye mamilioni ya dola hashindwi na bei ya gazeti. Ukiona analipiwa hata hilo, fahamu kwamba ule mpaka baina ya mfuko wake na mfuko wa kampuni umekwisha kufutika, wala hakuna aliyebaki wa kuulinda.

Insafu yataka naye asikizwe. Mwezi ule ule aliandika katika gazeti la Wall Street Journal kwamba mwaka 1996 bodi ilikuwa tayari kumlipa mkupuo mmoja wa makumi ya mamilioni ya dola, naye akachagua huduma badala yake, akiona zingeigharimu kampuni kidogo zaidi. Kisha akakubali kuzilipia mwenyewe, baina ya dola milioni 2 na milioni 2.5 kwa mwaka. Hoja hii si ya kudharauliwa. Lakini mkupuo ule, hata ungekuwa mkubwa namna gani, ungeandikwa kwa tarakimu, na mwalimu mstaafu ambaye akiba yake yote imewekwa katika hisa angeusoma, akaukubali au akaukataa. Huduma zile hakuzisoma mtu. Mwaka 2004 tume ya Marekani inayosimamia masoko ya hisa iliiamuru kampuni isirudie kuficha mambo ya namna hiyo, ikibainisha kwamba mwaka wa kwanza wa kustaafu peke yake Welch alipata manufaa ya kiasi cha dola milioni 2.5, nayo kampuni ikaipokea amri pasipo kukiri wala kukana.

Namna kitu kinavyojificha naijua kwa macho yangu, maana ujanani nilikuwa karani wa hesabu katika kampuni moja ya Mombasa. Asubuhi moja dereva wa mkubwa wetu aliniletea risiti ya fundi aliyetengeneza friji nyumbani kwa mkubwa huyo, Nyali, karatasi yenye alama ya kidole cha grisi pembeni, nami nikamwendea mhasibu. "Shikamoo mzee. Hii niiandike wapi?" Akavua miwani, akaitazama, akanijibu kwa upole, "Marahaba. Andika matengenezo ya ofisi, mwanangu." Nikaandika. Mwezi uliofuata ikaja ya mtunza bustani, kisha ya mapazia, zote zikaingia katika safu ile ile, na mwisho wa mwaka mkaguzi akaipitia safu hiyo bila ya kusita, kwa kuwa ofisi kufanyiwa matengenezo si jambo la kumshangaza mtu. Mwaka huo huo ndipo tulipoambiwa kwamba chai ya saa nne imesimamishwa ili kupunguza gharama. Sikuumia kwa kikombe cha chai; niliumia kwa kuwa mkono ulioandika ni wangu.

Kinachoonekana hurekebishwa upesi. Novemba 2008 wakuu wa General Motors, Ford na Chrysler walikwenda Washington kuomba mkopo wa dola bilioni 25, kila mmoja kwa ndege ya kampuni yake. Watu wakaona, wakahamaki, na Desemba wakuu hao wakarejea kwa magari. Kabla ya hapo, mwaka 2006, ile tume ya masoko ya hisa ilikuwa imeteremsha kiwango ambacho chini yake kampuni haikulazimika kuyataja marupurupu ya mkubwa, kutoka dola 50,000 hadi dola 10,000.

Kwetu Kenya mtoza kodi amekwisha kujua namna ya kuhesabu: gari la kampuni analotumia mfanyakazi hukadiriwa kwa asilimia 2 ya bei ya kununuliwa kwake kila mwezi, hata gari la shilingi milioni 5 likawa ni pato la shilingi laki moja kwa mwezi. Nayo Sheria ya Makampuni ya 2015 imeyataka makampuni yaliyo katika soko la hisa yatoe ripoti ya malipo ya wakurugenzi. Nizisomapo ripoti hizo huitafuta safu ya manufaa yasiyo ya fedha, na aghalabu nakuta tarakimu moja mbele ya kila jina. Mwenye hisa anayo haki ya kusimama katika mkutano mkuu wa mwaka akaomba tarakimu ile ifunguliwe: gari ni la aina gani, nyumba iko wapi na anakaa nani, na friji iliyotengenezwa ilikuwa jikoni kwa nani.