Mkasi wa Lotte Reiniger

Filamu ndefu ya katuni iliyo kongwe kuliko zote zilizosalia duniani haikutoka Hollywood. Ilitengenezwa Potsdam, jirani na Berlin, katika chumba cha darini juu ya gereji ya mwenye benki mmoja, na aliyeiongoza alikuwa mwanamke ambaye kazi ilipoanza mwaka 1923 alikuwa hajafikisha hata miaka 25. Jina lake Lotte Reiniger. Filamu yenyewe, Die Abenteuer des Prinzen Achmed, inasimulia masaibu ya Mwanamfalme Ahmed, na visa vyake vilichotwa katika Alfu Lela Ulela, hadithi ambazo wasomaji wa Kiswahili wanazijua vizazi na vizazi. Ilionyeshwa Berlin Mei 1926, miaka 11 kabla ya Snow White ya Walt Disney, ambayo wengi bado huitaja kuwa ya kwanza. Kwa haki, hata Reiniger hakuwa wa kwanza kabisa: Quirino Cristiani wa Argentina alimtangulia mwaka 1917, ila filamu yake iliteketea kwa moto. Lakini nani alimtangulia nani si jambo kubwa kwangu. Kubwa ni kwamba mtu huyu, aliyezaliwa 1899, alitoa filamu yake ya kwanza ya vivuli mwaka 1919 na mwaka 1979 alikuwa bado anatoa nyingine, hakuwahi kumiliki studio kubwa, akapita katika mfumuko wa bei, utawala wa Wanazi, uhamisho na vita, na bado akaacha makumi ya filamu. Watu husema ni kipaji na uvumilivu. Alikuwa navyo, lakini wenye kipaji na uvumilivu waliokwama njiani hawahesabiki. Hoja yangu ni kwamba kilichombeba ni zana zake: alichagua namna ya kutengeneza filamu ambayo mtu mmoja na mwenzake wangeweza kuimudu, kisha akakataa kuiacha.

Tuitazame namna hiyo kwa karibu. Reiniger alikata umbo la mtu kwa mkasi kutoka katika kadibodi nyeusi, na baadhi ya sehemu akazitengeneza kwa bati jembamba la risasi ili umbo litulie mezani. Hakulikata likiwa zima. Kichwa, shingo, kifua, kiuno, mkono, kiganja, paja na mguu, kila kimoja kilikuwa kipande chake, na vyote viliunganishwa kwa waya mwembamba kwenye viungo. Umbo lililazwa juu ya kioo chenye taa chini yake, na kamera ikafungwa juu ikitazama chini. Anasogeza kiwiko kidogo tu, inapigwa picha moja. Anasogeza tena, inapigwa nyingine. Kwa filamu hii ya Ahmed, yeye na wenzake wachache, akiwemo mumewe Carl Koch aliyesimamia kamera, walipiga takribani picha 250,000 kwa miaka mitatu, na zilizotumika ni takribani 96,000. Mandhari ilitokana na karatasi nyembamba zinazopitisha mwanga: karatasi zikirundikwa panaingia giza, zikipunguzwa panang'aa, na jicho linaona milima iliyo mbali. Vioo vyenyewe vilipangwa kwa ngazi, kimoja juu ya kingine, wazo ambalo studio ya Disney ilikuja kuliundia mtambo mkubwa katika miaka ya 1930.

Kivuli, hata hivyo, kina masharti yake. Hakina jicho la kutoa chozi wala mdomo wa kutabasamu, na kwa kuwa kimekatwa kwa ubavu, hakiwezi kugeuka kikamtazama mtazamaji. Wapo wanaosema hapo ndipo sanaa hii inapofika ukingoni. Mimi naona hapo ndipo inapoanza, kwa sababu hisia zote hulazimika kuhamia shingoni, mgongoni na vidoleni. Katika filamu ya Ahmed, Pari Banu, binti wa kijini anayeshuka ziwani kuoga, anapovuliwa siri yake kwa kuibiwa vazi la manyoya linalomwezesha kuruka, hofu yake haimo usoni. Imo katika kiwiliwili kinavyojikunja na mikono inavyotafuta pa kujificha. Kiungo kimoja kikisogezwa kupita kiasi, binti anageuka mdoli. Ndiyo maana Reiniger hakuhitaji jeshi la wachoraji. Alihitaji mkono unaojua mwili wa kiumbe unavyojibeba, na mkono huo alikuwa nao mwenyewe.

Atatokea msomaji wa kuuliza: uhuru gani huu wa kutohitaji studio, ikiwa fedha zilitoka kwa mwenye benki? Swali ni la haki. Louis Hagen ndiye aliyegharimia kazi ile, na bila yeye pengine filamu isingekuwepo. Lakini tazama alitoa nini. Sarafu ya Ujerumani ilikuwa inaporomoka, na Hagen alikuwa amenunua shehena ya filamu ghafi akitumaini kwamba mali ingelinda thamani ambayo noti zilikuwa zinaipoteza. Ununuzi ule haukumlipa kama alivyotarajia, ndipo akamwachia Reiniger azitumie, pamoja na chumba kile cha darini. Studio ya kawaida ya wakati huo isingefika mbali kwa msaada wa namna hiyo, kwa sababu filamu ghafi haiwalipi mishahara waigizaji wala haijengi majumba ya maonyesho. Reiniger alifika, kwa kuwa waigizaji wake walikuwa kadibodi. Njia yake iliweza kuyageuza masalio ya mtu mwingine kuwa filamu, na mfadhili hakumwekea mkono kwenye hadithi.

Mtihani wa kweli ulikuja baadaye. Yeye na Koch waliondoka Ujerumani katikati ya miaka ya 1930 wasikubali kuishi chini ya Hitler, na kwa kuwa hakuna nchi iliyowapa ukaazi wa kudumu, walihama baina ya Uingereza, Ufaransa na Italia kwa viza za muda. Mwongozaji wa filamu za kawaida akipoteza nchi hupoteza waigizaji, lugha, mafundi na soko kwa mkupuo mmoja. Reiniger alitembea na ufundi wake. Mwaka 1938 alitoa The Tocher kwa kitengo cha filamu cha posta ya Uingereza, na mwaka huohuo vivuli vyake vikaonekana ndani ya La Marseillaise ya Jean Renoir. Vita vikiendelea alirudi Berlin kumuuguza mama yake, na katika mapigano ya mwaka 1945 negativu ya filamu ya Ahmed iliangamia. Tunaiona leo kwa sababu nakala ilisalia Uingereza, ikatumika kuikarabati na kuirudishia rangi zake mwishoni mwa miaka ya 1990. Mwaka 1949 wawili hao walihamia London, na miaka michache baadaye Reiniger alikuwa akitengeneza hadithi fupi za vivuli kwa ajili ya televisheni. Mtayarishaji wake safari hii alikuwa mtoto wa yule mwenye benki, aliyeitwa Louis Hagen kama baba yake, naye akiwa mkimbizi wa utawala uleule. Mojawapo, The Gallant Little Tailor, ilituzwa Venice mwaka 1955.

Sitaki kumsafisha kupita kiasi. Mhalifu mkuu wa filamu ya Ahmed anaitwa mchawi wa Kiafrika, na umbo lake limekatwa kwa makusudi lichukize: kibiongo, vidole virefu kama makucha, mwendo wa kunyemelea. Katika filamu ambayo kila mtu ni mweusi kwa kuwa ni kivuli, Reiniger alilazimika kuonyesha uovu kwa maungo, na akampa maungo hayo Mwafrika. Watetezi wake husema jina lilitoka kitabuni, ambako mchawi wa Aladini anatoka Maghribi, na kwamba mchawi wa kike wa mlima wa moto, naye wa kutisha kwa sura, yuko upande wa shujaa. Yote mawili ni kweli, na bado hayatoshi. Aliyekuwa huru kuchagua kila pembe ya kila umbo alikuwa huru pia kulikata hili kwa namna nyingine. Uhuru wa kazi haumpi msanii macho mapya. Unatuonyesha tu kwamba uamuzi ulikuwa wake, wala hakuna wakuu wa studio wa kuwatupia lawama.

Pingamizi zito zaidi ni la kiuchumi. Disney alitumia takribani dola milioni 1.5 na mamia ya wasanii kwa Snow White, akaanzisha tasnia inayoajiri watu mpaka leo, ilhali njia ya Reiniger haikuajiri hata kijiji. Nakubali, na naongeza ushahidi dhidi ya hoja yangu mwenyewe: Koch alipofariki mwaka 1963, Reiniger aliacha kutengeneza filamu kwa takribani muongo mmoja. Kazi inayosimama juu ya watu wawili huanguka mmoja akiondoka. Lakini pia huweza kuinuliwa tena na mtu mmoja, bila kuomba kiwanda kifunguliwe. Kanada ilipomwita, akatengeneza Aucassin and Nicolette mwaka 1975 akiwa na miaka zaidi ya 70, kisha The Rose and the Ring, kwa mkasi na viungo vilevile. Na njia yenyewe haikufa naye mwaka 1981. Michel Ocelot wa Ufaransa, ambaye Kirikou wake anajulikana sana Afrika, alitengeneza Princes et Princesses kwa vivuli vya karatasi. Na hata filamu ya Harry Potter ya mwaka 2010, yenye bajeti kubwa na kompyuta za kila aina, ilipohitaji kusimulia kisa cha ndugu watatu na Mauti, ilikwenda kuazima mtindo wa vivuli wa Reiniger.

Waliomfuata hawakulazimika kubahatisha. Mwaka 1970, katika miaka ileile ambayo hakuwa akitengeneza filamu, alichapisha London kitabu kuhusu sinema na michezo ya vivuli, akaeleza humo jinsi ya kukata umbo, kufunga viungo kwa waya, kupanga mwanga na kutengeneza meza ya kioo nyumbani. Alichoishi nacho kwa miaka 50 alikiweka wazi kwa yeyote mwenye mkasi na kadibodi.