Cheo bila barua ni mtego kwa walimu wa shule binafsi

KASESE. Kila muhula wa kwanza unapokaribia, shule binafsi zilizo kando ya barabara ya kutoka mjini Kasese kwenda Bwera na mpaka wa Mpondwe huanza kutafuta walimu. Mara nyingi kazi hupatikana kwa simu au kwa kujulishwa na jamaa. Mwalimu huambiwa aje Jumatatu, habari za mshahara zitazungumzwa. Mwaka wa pili huombwa akaimu nafasi ya mwalimu mkuu. Barua haiandikwi wala nyongeza haitajwi. Siku wakikosana na mwenye shule, kila mmoja huwa na kumbukumbu yake.

Migogoro mingi ya vyeo katika shule hizi huanzia hapo. Katika shule za serikali nchini Uganda, walimu wa sekondari huajiriwa na kupandishwa cheo kupitia Tume ya Utumishi wa Elimu, na wa msingi kupitia tume ya utumishi ya wilaya. Kuna usaili na kuna barua. Katika shule binafsi uamuzi ni wa mmiliki, awe mtu mmoja, familia, kampuni au dhehebu la dini.

Sheria haimlazimishi mmiliki kumpandisha mwalimu kwa sababu tu amekaa muda mrefu. Anayekaimu hajathibitishwa. Lakini mmiliki naye hana uhuru wa kufanya apendavyo.

Sheria ya Ajira ya mwaka 2006 inamtaka mwajiri ampe mfanyakazi maelezo ya kazi yake kwa maandishi, ndani ya wiki 12 tangu aanze: cheo, mshahara, saa za kazi, likizo na muda wa notisi. Kipindi cha majaribio hakizidi miezi 6, na kinaweza kuongezwa miezi mingine 6 ikiwa tu mfanyakazi amekubali. Kwa hiyo mwalimu anayeambiwa mwaka wa tatu kwamba bado yuko kwenye majaribio ana haki ya kuhoji.

Kumwachisha kazi kuna utaratibu wake pia. Aliyefanya kazi kati ya mwaka 1 na 5 anastahili notisi ya mwezi 1. Kati ya miaka 5 na 10, miezi 2. Zaidi ya hapo, miezi 3. Akituhumiwa utovu wa nidhamu au utendaji duni, lazima aelezwe sababu kwa lugha anayoielewa na asikilizwe, akiwa na mtu aliyemchagua kama anapenda. Mwajiri asiyemsikiliza hudaiwa mshahara wa wiki 4, hata kama sababu yake ilikuwa ya kweli.

Ubaguzi nao umekatazwa. Katiba ya Uganda inataja jinsia, dini na kabila miongoni mwa mambo yasiyofaa kutumiwa kumbagua mtu. Hilo lina uzito Kasese, wilaya wanakoishi pamoja Wakonzo, Wasongora, Wanyabindi na wengine, na ambako madhehebu ya dini yana shule zao.

Tatizo ni ushahidi na muda. Anayedai kuachishwa kazi isivyo haki anapaswa kupeleka malalamiko kwa ofisa kazi wa wilaya ndani ya miezi 3. Mwalimu wa Bwera hulazimika kupanda gari hadi Kasese. Wengi husubiri wakitumaini kupatana, na miezi hiyo hupita. Ofisa kazi anaweza kuongeza muda akiona ni haki, lakini si jambo la kutegemea. Asipotoa uamuzi ndani ya siku 90, mlalamikaji anaweza kwenda Mahakama ya Viwanda, ambayo makao yake yako Kampala.

Muda huo hutofautiana ndani ya Jumuiya ya Afrika Mashariki. Tanzania humpa mfanyakazi aliyeachishwa siku 30 kufika Tume ya Usuluhishi na Uamuzi. Kenya humpa miaka 3 kufungua kesi. Mwalimu anayevuka mpaka kufundisha asidhani kwamba sheria ya kwao imemfuata. Na huenda wanaovuka wakaongezeka: Kongo iliingia Jumuiya mwaka 2022, na mwaka huohuo baraza la mawaziri la Uganda liliamua Kiswahili kifundishwe kwa lazima. Bwera iko jirani kabisa na Kasindi, upande wa Kongo, ambako Kiswahili ni lugha ya kila siku.

Janga la korona lilionyesha hatari hiyo. Shule zilipofungwa kuanzia Machi 2020 hadi Januari 2022, walimu wa serikali waliendelea kulipwa. Wengi wa shule binafsi hawakupata kitu, na asiyekuwa na mkataba hakuwa na karatasi ya kudai.

Asiye na barua atafute ushahidi mwingine: malipo ya benki au ya simu, ratiba ya vipindi yenye jina lake, ripoti za wanafunzi alizotia saini, na michango ya NSSF, ambayo tangu 2022 kila mwajiri anatakiwa kuilipa hata akiwa na mfanyakazi mmoja.

Kwa mwenye shule, barua ya ukurasa mmoja inayotaja cheo, muda wa kukaimu na posho ni nafuu kuliko kesi. Wahenga walisema mali bila daftari hupotea bila habari. Cheo nacho ni mali, na wakati wa kukiandika ni kabla muhula haujafunguliwa.