Siriaque, mfalme wa filme mwenye jina moja

Mkaaji wa Butembo ao Beni akitazama filme ya Marekani King Solomon's Mines, ya mwaka wa 1950, atakutana na pande za kwetu. Kikundi cha MGM kilipiga picha Stanleyville, ndiyo Kisangani ya leo, katika eneo la volkano la Kongo, na ngambo ya mpaka huko Astrida, mji wa Rwanda unaoitwa sasa Huye. Wakati ule Wabelgiji ndio walitawala pande zote mbili.

Nyota walikuwa Stewart Granger na Deborah Kerr. Lakini mwenye kubeba hadithi ni Umbopa, mgeni mrefu anayejiunga na msafara njiani. Kumbe ni mfalme aliyenyang'anywa kiti! Mwishoni anapigana na Twala na kukirudisha.

Aliyecheza Umbopa ni Mtutsi. Granger aliandikwa jina lake lote. Yeye aliandikwa "Siriaque" tu, pamoja na kabila lake. Filme ilipata Oscar mbili, ya upigaji picha na ya kuunganisha picha. Mwaka wa 1959 MGM ilitumia tena picha za safari ile katika filme Watusi. Nyota wake: George Montgomery.