Taya la Tendaguru: Kipande kidogo chenye habari kubwa

MSOMAJI, ukikabidhiwa kipande cha taya chenye meno machache, bila fuvu, bila shingo, bila mabawa wala miguu, je, utathubutu kusema kwamba mwenyewe alikuwa akiruka angani? Wengi wetu tungekitupa jalalani. Lakini kipande cha aina hiyo, kilichochimbuliwa katika kilima cha Tendaguru, bara ya mji wa Lindi kusini mwa Tanzania, ndicho kilichotufahamisha kiumbe aliyeishi miaka milioni 150 hivi iliyopita.

Kiumbe huyo huitwa Tendaguripterus recki. Ni jina la kuuma ulimi, lakini maana yake ni nyepesi: bawa la Tendaguru. Neno la pili ni heshima kwa Hans Reck, mtaalamu Mjerumani ambaye mwaka 1931 aliandika kuhusu mabaki ya viumbe warukao yaliyopatikana huko. Wataalamu hukadiria kwamba mabawa yake yakikunjuliwa yalifikia mita moja hivi kutoka ncha hadi ncha, makubwa kidogo tu kuliko ya kunguru.

Si ndege, si dinosaria

Kiumbe huyu alikuwa wa kundi la pterosauri. Watu wengi huwachanganya pterosauri na dinosaria kwa sababu waliishi zama moja na wote wakatoweka miaka milioni 66 iliyopita. Ukweli ni kwamba walikuwa jamaa tu, kila mmoja na ukoo wake. Wala hawakuwa ndege. Walikuwa wanyama watambaazi waliotaga mayai, na ndio wanyama wa kwanza wenye uti wa mgongo kuruka kwa nguvu za mabawa yao wenyewe.

Siri yao ilikuwa mkononi. Ndege hurukia manyoya. Popo hurukia ngozi iliyotandazwa juu ya vidole kadhaa. Pterosauri alitumia kidole kimoja, cha nne, kilichorefuka kupita kiasi na kushikilia ngozi ya bawa kutoka mkononi hadi ubavuni. Vidole vitatu vilivyosalia vilibaki vifupi, na kwa hivyo alipotua aliweza kutembea kwa miguu minne.

Wengine walikuwa wadogo kama shomoro. Wengine walikuwa majitu. Mwaka 1971, huko Texas nchini Marekani, mwanafunzi mmoja aliokota vipande vya bawa la pterosauri aliyekuja kuitwa Quetzalcoatlus. Upana wa mabawa yake hukadiriwa kuwa mita 10 hivi.

Mbona ni vipande tu?

Ili kuruka, sharti mwili uwe mwepesi. Mifupa ya pterosauri ilikuwa na uwazi ndani kama mwanzi, na kuta zake mara nyingi zilikuwa nyembamba kuliko milimita moja. Jambo hilo lilimfaa sana akiwa hai. Lakini akishakufa, mifupa hiyo ilivunjwa na mawimbi, ikakanyagwa, ikatafunwa au kusagwa na uzito wa udongo. Ndiyo maana katika sehemu nyingi za dunia ukoo mzima wa viumbe hawa hujulikana kwa jino, kipande cha taya au pingili moja ya shingo.

Zama hizo Tendaguru palikuwa ufukoni. Huko dinosaria wakubwa walizikwa karibu na samaki na makombe ya baharini. Mfupa wa paja wa dinosaria ulivumilia mengi. Wa pterosauri ulihitaji bahati.

Basi wataalamu hujuaje? Fundi wa jua kali akishika kipuri kimoja tu, atakwambia kimetoka kwenye gari la aina gani, kwa kuwa ameshafungua magari mengi mazima. Huku nako ni vivyo hivyo. Katika mawe ya chokaa ya Bavaria, Ujerumani, wamepatikana pterosauri wazima, wengine hata na alama za ngozi ya mabawa. Hao ndio kielelezo. Taya la Tendaguru lilipolinganishwa nao, jinsi pande zake mbili zilivyoungana mbele na jinsi meno yalivyopangika vilionyesha kwamba huyu ni pterosauri, tena wa aina isiyopata kuonekana penginepo.

Mizigo ya kichwani hadi Lindi

Mifupa ya Tendaguru ilianza kuvuta macho ya Wazungu mwaka 1906, pale mhandisi wa madini, Bernhard Sattler, alipouona mfupa mkubwa ukichomoza ardhini. Kati ya mwaka 1909 na 1913, jumba la makumbusho la Berlin lilichimba hapo, wakati nchi ikiwa koloni la Ujerumani. Vita vya Maji Maji vilikuwa ndiyo kwanza vimekwisha, na watu wa kusini walikuwa wametoka katika mauaji na njaa.

Waafrika kwa mamia ndio waliochimba. Wapagazi walibeba mifupa vichwani na mabegani, mwendo wa siku kadhaa, hadi bandari ya Lindi. Zaidi ya tani 200 zilisafirishwa hadi Ujerumani. Mmoja wa waliosimamia kazi hiyo alikuwa Boheti bin Amrani, ambaye jina lake lilikaa kando kwa muda mrefu. Mwaka 2007 ndipo dinosaria mmoja wa Tendaguru alipoitwa Australodocus bohetii kwa heshima yake.

Wakenya nao wana chao katika kisa hiki. Mwaka 1924, wakati Waingereza wameshaitwaa nchi, Louis Leakey, mzaliwa wa Kabete, alikwenda kuchimba Tendaguru akiwa kijana, kabla ya kupata umaarufu wa kutafuta chimbuko la binadamu.

Kile kipande cha taya kilikuwa kimekwenda Berlin na shehena ya Wajerumani. Kilikaa kabatini hadi mwaka 1999, wataalamu David Unwin na Wolf-Dieter Heinrich walipokichunguza upya na kukipa jina. Kilikuwa kimengoja zaidi ya miaka 80! Kingali Berlin hadi leo pamoja na mifupa mingine, na swali kama irudishwe nyumbani limezuka mara kwa mara Tanzania, hata bungeni.

Turkana nako

Usidhani mambo haya ni ya Tendaguru pekee. Mwaka 2011, Patrick O'Connor, Joseph Sertich na Fredrick Manthi wa Makavazi ya Kitaifa ya Kenya walitangaza pterosauri kutoka Lapurr, Turkana Magharibi. Ushahidi wao ulikuwa pingili moja tu ya uti wa mgongo, ya chini ya shingo, tena iliyovunjika. Lakini umbo la mfupa huo, na kukosekana kwa matundu ya kupitishia hewa, vilisaidia kumkisia mwenyewe.

Pingili hiyo ingeweza kupotea kwa urahisi. Mchungaji angeweza kuipiga teke, au mgeni kuitia mfukoni awe na cha kuonyesha nyumbani. Mfupa uliong'olewa bila mtu kuandika ulipotoka umepoteza nusu ya habari zake, kwa maana umri wake husomwa katika tabaka la mwamba ulimolala.

Kwa hivyo, msomaji, ukikutana na jiwe lenye umbo la mfupa au jino, liache lilipo. Weka alama, piga picha, kisha upeleke habari kwa Makavazi ya Kitaifa. Sheria ya mwaka 2006 ya makavazi na turathi inalinda vitu hivyo, na huwezi kujua ni kiumbe gani anayengoja kupewa jina. Wahenga walisema usidharau kidogo, na taya la Tendaguru ni shahidi wao.